Arobaini Ndiyo Mwisho

Saa tatu za usiku hapa Barka, saa mbili kwenu Tanga.
Nina nusu saa na kikombe cha chai ya maziwa.
Nyuma ya ukuta pampu zinanguruma,
zinaikamua bahari chumvi yake,
na mimi naingia mchezoni, jina langu Jabali,
ngazi ya sitini, shoka begani,
nimekufa mara nne tangu Jumatatu.

"Baba, hebu nikuone," akasema Mwantumu sikioni.
Nikamfungulia ukurasa wa mwili wangu:
Nguvu ishirini, Uhai ishirini, Ulinzi ishirini,
Wepesi, Akili, Bahati, hivyo hivyo.
Pointi mia na ishirini nimezigawa
kama mtu anayepakulia wageni pilau,
jicho likichunga asije mmoja akanuna.

Akacheka mpaka mtandao ukakatika.

Aliporudi: "Huu si mjengo, baba, ni genge la uchochoroni.
Kiberiti kimoja, sabuni nusu mche,
mafuta ya kupima. Nani atakuogopa?"
Akanifunza polepole, kama nilivyomfunza
kufunga kamba za viatu:
kila sifa ina ukomo wake, arobaini.
Hadi hapo, pointi moja ni pointi moja.
Ya arobaini na moja inakupa chembe,
ya arobaini na tano, harufu ya chembe.
"Na mchezo haukukatazi.
Unapokea tu, unanyamaza.
Kuna watu wanamwaga humo mwezi mzima."

Nikatupia jicho mshale wa pampu namba tatu.
Sabini, kisha wekundu.
Miaka sita nalipwa kuujua mstari ule.

Mahfudh, mkuu wa zamu, mzaliwa wa Sib,
mwenye Kiswahili cha mama yake wa Unguja,
akachungulia juu ya bega langu:
"Mtu mzima weye, wachezea vikaragosi?"
Kisha akavuta kiti.
"N'ambie, hiyo Bahati ya nini? Mtu wa zamu na bahati wapi na wapi?"

Kuna dawa ya kusahau, dhahabu elfu tatu chupa.
Mwantumu akaninunulia.
Nikanywa, sifa zote zikashuka hadi sifuri,
nikasimama uwanjani bila hata umbo,
mia na ishirini zikiwa kiganjani.
Sijawahi kuwa mtupu hivyo
tangu ile foleni ya uwanja wa ndege, siku ya alama za vidole.

"Uhai arobaini. Nguvu arobaini. Ulinzi arobaini."
Na Akili je?
"Sifuri. Akili ninayo mimi."
Mahfudh akamwaga chai.

"Wako ukoje?" nikauliza.
Hakujibu upesi. Kisha ukurasa ukafunguka:
Wepesi arobaini, Akili arobaini, Bahati arobaini.
Uhai, sifuri.
"Mwanangu, kofi moja tu na umekwenda."
"Ndiyo," akasema. "Lakini si wewe unasimama mbele?"

Na usiku ambao sipo,
zamu ikibadilishwa, pampu ikigoma?
"Nachuma majani bondeni. Nauza. Nasubiri."

Nikapiga hesabu: jani moja dhahabu mbili.
Chupa ile niliyoinywa kwa mkupuo
ilikuwa majani elfu moja na mia tano.

Zikabaki dakika nane. Tukashuka pangoni kwa jitu la chumvi,
mimi mlangoni, ngao mbele, akili sifuri,
yeye nyuma yangu akirusha moto,
mwepesi kama karatasi, na kweli alikuwa karatasi.
Likaanguka. Sikufa.
Ngazi ya sitini na moja, pointi mbili mpya.

"Weka Wepesi, baba, angalau ujifunze kukimbia."

Uhai wangu umejaa. Arobaini. Najua hesabu yake.
Nikabonyeza mara mbili: arobaini na mbili.
Mchezo haukukataza.
Ukapokea, ukanyamaza.

"Umezimwaga!"
"Najua," nikasema,
nikavaa kofia yangu ya kazi, nikarudi kwenye mshale.